Jinsi ya kusoma vitabu vya madairekta wa Ufaransa na Ulaya bila kukwama ukurasa wa 20

Kitabu changu cha kwanza cha mambo haya kilikuwa wasifu wa Godard, yule dairekta wa sinema ya Ufaransa, mnene kama tofali, na nilikianza sijaona hata filamu yake moja. Nikasoma kurasa kama 60 nikawa najua alioa nani na alikosana na nani, ila sijui kwa nini watu wanamhangaikia kiasi hicho, nikakifunga kikakaa juu ya kabati mwaka mzima. Kitabu hakikuwa na kosa. Mi ndo nilianzia mkiani.

Sasa kama we ndo unaanza, usinunue wala kuazima kitu kwanza, tulia uangalie filamu tatu za dairekta mmoja. Tatu, sio moja. Ya kwanza unafuata stori tu, ya pili unaanza kuhisi kuna kitu, ya tatu ndo unashtuka, ahaa, huyu jamaa kumbe kila mara anakata sini kabla watu hawajamaliza kuongea, au huyu mama kamera yake inasimama mbali haisogei hata mtu akilia. Hicho ulichokishtukia mwenyewe ndo kitakushika mkono ndani ya kitabu, manake utakuwa unatafuta jibu la swali lako, sio unamezeshwa majibu ya maswali ya watu wengine.

Kabla sijaendelea, ujue pia kwa nini vitabu vya aina hii vimejaa hivi na hasa Ufaransa. Mwaka 1948 mkosoaji wa filamu Alexandre Astruc aliandika makala akisema kamera ifike mahali itumike kama kalamu, mtu aandike nayo mawazo yake. Miaka mitatu baadaye, 1951, likaanzishwa jarida la Cahiers du cinéma, mmoja wa waanzilishi akiwa André Bazin, na vijana waliojazana pale wakalibeba wazo hilo wakaligeuza vita kabisa, kwamba filamu ina mwenyewe na mwenyewe ni dairekta. Mmoja wao, Truffaut, aliyekuja kuwa dairekta baadaye, ana miaka 21 tu, Januari 1954, akaandika makala ya kuwachana wakubwa wa sinema ya Ufaransa wa wakati ule, hasa waandishi wa skripti waliokuwa wanageuza riwaya kuwa filamu. Tangu hapo ikawa kawaida dairekta kuandikiwa kitabu kizima kama anavyoandikiwa mshairi. Ina utamu wake hii, ina na kasoro, nitairudia.

Haya, kitabu cha kwanza kiwe cha mazungumzo. Yaani mtu anamuuliza dairekta maswali na maneno yanawekwa kama yalivyo au karibu na yalivyo. Lugha inakuwa nyepesi, unaweza kufungua katikati, unaweza kuruka filamu ambazo hujaziona, na hakuna anayekutisha kwa maneno mazito. Baba wa vitabu hivi ni kile cha Truffaut na Hitchcock, walikaa Agosti 1962, Truffaut ana miaka 30 na filamu ndefu tatu tu mkononi, Helen Scott katikati anatafsiri, na kikatoka Ufaransa 1966. Hitchcock, yule bingwa wa filamu za taharuki wa Hollywood, sio wa kundi letu hili, najua, ila soma maswali badala ya majibu, utamjua Truffaut kuliko kwenye wasifu wowote. Anauliza kama fundi anayemuuliza fundi mwenzake, hii ulifunga vipi, ile uliipitishia wapi.

Kwa Ulaya yenyewe mi huwa nasukuma watu kwa Kieślowski, dairekta wa Poland, mazungumzo yaliyokusanywa na Danusia Stok, yalitoka 1993. Kuna sehemu moja humo nikiikumbuka hadi leo nasisimka. Anasimulia walivyokuwa wanarekodi dokumentari kwenye stesheni ya treni ya Warsaw, wanarekodi watu wa kawaida tu wanahangaika na mizigo na safari, halafu usiku polisi wakawajia wakabeba mikanda yote. Kumbe kuna msichana alimuua mama yake akaficha mwili stesheni pale pale, ndani ya masanduku, na polisi walidhani huenda kamera ilimnasa. Haikumnasa, mikanda ikarudishwa. Lakini Kieślowski akabaki na swali, je ingekuwa imemnasa? Angekuwa amegeuka msaidizi wa polisi bila kutaka, kwa kamera tu iliyogeuzwa upande wa kushoto badala ya kulia. Anasema jambo hilo lilichangia kumtoa kwenye dokumentari akaenda kwenye filamu za kubuni. Sasa ukishasoma hapo rudi kaangalie filamu zake za baadaye, uone watu wanavyochunguliana madirishani na kusikilizana kwenye simu, utaona zinavyobadilika mbele ya macho yako. Hii ndo faida ya kusoma ninayoisema mimi.

Ila angalia kitu kimoja kwenye mazungumzo, tarehe na nani anauliza. Dairekta akihojiwa wiki ambayo filamu inatoka anauza filamu, akihojiwa miaka 20 baadaye anajenga sanamu lake mwenyewe. Ndo maana napenda ile mfululizo ya University Press of Mississippi, wanakusanya intavyu za mtu mmoja wanazipanga kwa miaka, na dawa yake ni hii, soma ya kwanza kabisa, afu ruka hadi ya mwisho, afu ndo urudi katikati. Utakuta stori ile ile imesimuliwa mara nne na kila mara imenenepa kidogo. Godard ndo usiseme, yeye intavyu kwake ilikuwa kama sini nyingine, anaigiza, anamchokoza muulizaji, ukichukua kila sentensi yake kama msimamo utapotea.

Baada ya hapo nenda kwenye vitabu walivyoandika madairekta wenyewe kuhusu maisha yao. Hapa kuna raha tupu lakini soma kama unavyomsikiliza mjomba msimulizi, unafurahi huku unajua chumvi imo. Bergman, dairekta wa Sweden, alitoa chake 1987, akakipa jina la ile taa ya zamani ya kurusha picha ukutani, na anasimulia jinsi mashine ya kuonyesha filamu ilivyoletwa Krismasi akapewa kaka yake, yeye akaikomboa kwa kubadilishana na askari wake 100 wa bati. Pia ipo siku alipokamatwa kwa mambo ya kodi mwaka 1976 akiwa mazoezini kwenye teta Stockholm, kitu kilichomvunja hadi akahama nchi. Kitabu hakifuati miaka, kinaruka ruka kama ndoto, kwa hiyo usijilazimishe kutengeneza ratiba ya maisha yake kutoka humo, haitakubali.

Buñuel, dairekta Mhispania, aliandika chake akisaidiwa na Jean-Claude Carrière, 1982, mwaka mmoja kabla hajafa, na kinaanza na mama yake anayepoteza kumbukumbu, halafu baadaye kuna maelezo mazito kabisa ya jinsi ya kuchanganya martini, utadhani ndo kazi iliyomleta duniani. Mi nakihesabu kuwa kitabu cha kuchekesha kuliko vyote kwenye kundi hili. Na kama una muda mdogo chukua Herzog, dairekta Mjerumani, kile kidogo cha kutembea kwenye barafu. Novemba 1974 alisikia Lotte Eisner, mwandishi mkubwa wa mambo ya sinema, yuko hoi Paris, akachukua begi akatembea kwa miguu kutoka Munich mpaka Paris akiamini kwamba akitembea huyo mama hatakufa. Na kweli hakufa, aliishi hadi 1983! Kurasa chache, hakuna hata somo moja la filamu ndani yake, na bado kinakueleza Herzog ni mtu wa aina gani kuliko uchambuzi wa kurasa 400.

Bresson, dairekta mwingine wa Ufaransa, anahitaji namna yake. Kile kitabu chake cha 1975 ni maandishi mafupi mafupi, sentensi moja, mbili, aliyojiandikia tangu 1950, na watu wanakimaliza kwa jioni moja wanasema hawajaona kitu. Sio cha kumaliza. Soma ukurasa mmoja, kifunge, nenda kaangalie dakika kumi za filamu yake Pickpocket, ile ya mwizi wa mifukoni, au ya yule punda Balthazar. Anakwambia hataki waigizaji, anataka watu anaowaita mamodo, watu wasioigiza, wanaorudia kitendo mpaka kiwatoke chenyewe, na ukiwa kwenye maneno tu inasikika kama ukatili fulani hivi lakini ukiangalia mikono kwenye Pickpocket unaelewa mara moja. Tarkovsky, dairekta Mrusi, naye aliandika kuhusu kuuchonga wakati kama mtu anavyochonga jiwe, kizuri sana, kizito sana, kiache mpaka uwe umeona angalau filamu yake Zerkalo mara mbili.

Sasa wasifu, yale matofali. Kanuni yangu, usisome wasifu kuanzia mwanzo. Nenda nyuma kwenye faharasa, tafuta jina la filamu uliyoiona wiki hii, soma sura hiyo peke yake. Ukifanya hivyo kwa filamu nne tano utajikuta umesoma nusu ya kitabu na nusu iliyobaki unaitaka mwenyewe. Na ukiweza shika wasifu za waandishi wawili tofauti kuhusu dairekta mmoja. Kwa Godard kuna Colin MacCabe wa 2003, kuna Richard Brody wa 2008, kuna Antoine de Baecque wa 2010 kwa Kifaransa. Brody anazisoma filamu sana kupitia maisha ya Godard, mapenzi yake na ugomvi wake, wakosoaji wengine hawakuipenda kabisa hiyo, wakati MacCabe aliwahi kufanya naye kazi kwa hiyo anaandika kama mtu wa karibu na kasoro zake zote za ukaribu. Weka sini moja katikati, soma wote wanasemaje, utajua nani anaangalia filamu na nani anaangalia chumba cha kulala. Halafu tazama mwaka wa kitabu, Godard alifariki Septemba 2022 na alifanya kazi karibu mpaka mwisho, hivo kitabu kilichoishia 1970 kimekupa robo tu ya mtu hata kama kimeandikwa vizuri.

Nilisema nitarudia ile kasoro. Ukisoma vitabu vya madairekta tu utaanza kuamini mtu mmoja alifanya kila kitu, na mara nyingi huyo mtu mmoja ni mwanaume kijana wa Paris. Dawa ya kwanza ni kusoma waliosimama nyuma ya kamera. Néstor Almendros, aliyewapigia picha madairekta Rohmer na Truffaut, aliandika kitabu kinachopita filamu moja baada ya nyingine akieleza mwanga ulitoka wapi na kwa nini, na kwangu mimi kile kina thamani kuliko nadharia zote, manake anaongea vitu vya kushika, dirisha, kioo, taa, saa ngapi ya siku. Dawa ya pili ni Geneviève Sellier, kitabu chake cha 2005, anaonyesha jinsi lile wimbi jipya la Ufaransa, yaani filamu za kina Truffaut na Godard, lilivyokuwa sinema ya wanaume wanaojisimulia wenyewe. Kinaudhi mashabiki, soma tu. Na usisahau dairekta Agnès Varda alirekodi filamu yake La Pointe Courte mwaka 1954, akiwa na miaka 26, Alain Resnais ndo aliihariri, yaani kabla Truffaut na Godard hawajatoa filamu ndefu hata moja, halafu kuna vitabu vinamtaja kwenye aya mbili kama mgeni aliyechelewa. Kitabu chake mwenyewe cha 1994 kimejaa picha na michezo ya maneno, ukijua Kifaransa kidogo utafaidi.

Majina ya filamu yatakuchanganya, jiandae. Filamu moja ina jina la Kifaransa, la Kiingereza, na mara nyingine la tatu, andika yote kwenye daftari. Ile ya Truffaut ya 1959, Les Quatre Cents Coups, kwa Kiingereza waliitafsiri neno kwa neno ikawa mapigo 400, wakati kwa Kifaransa ni msemo wa mtu mtukutu anayefanya kila aina ya fujo. Ni sawa na mtu asikie "kapiga maji" akaandika kwamba jamaa aliyachapa maji kwa fimbo. Miaka nayo hivyo hivyo, kitabu kimoja kinaandika mwaka wa kurekodi kingine mwaka wa kutoka, hakuna aliyekosea.

Vitabu vya nadharia mi sikushauri mwanzoni, isipokuwa Paul Schrader wa 1972 kuhusu Ozu wa Japani, Bresson na Dreyer wa Denmark, na hata huyo soma sehemu ya Bresson tu kwanza. Ukitaka kitu kifupi kuna vile vitabu vidogo vya BFI, taasisi ya filamu ya Uingereza, kila kimoja filamu moja, unakimaliza kwa siku mbili. Vya zamani vingine vipo Internet Archive, maktaba ya mtandaoni, unafungua akaunti unaazima kwa saa moja moja, inachosha macho ila inafaa kujaribu kabla hujatoa hela.

Kama bado hujui uanze na nani, chukua Kieślowski, angalia filamu yake Amator, halafu filamu ya tano na ya sita kwenye Dekalog, ule mfululizo wake wa filamu kumi za televisheni, ndo ufungue kitabu cha Stok kwenye ile sehemu ya stesheni. Wasifu wa Godard niliuteremsha kabatini baadaye, nikaanzia sura ya filamu yake Vivre sa vie.