Muziki wa filamu fupi: kuhesabu mapigo na kujifunza kwa Miklós Rózsa

Usitunge chochote kabla montaji (uhariri wa picha) haijafungwa. Wakiongeza sekunde mbili tu baadaye, kila pigo ulilopanga linahama. Omba nakala yenye namba za sekunde na fremu (picha moja moja za filamu) juu ya picha, kisha uliza kama filamu ni ya fremu 24 au 25 kwa sekunde. Hapo ndipo wengi wanaanguka: dakika 10 za fremu 24 zikichezwa kwa 25 zinapungua sekunde 24. Mgeni ameshaingia na kuketi, ndipo muziki wa kubisha hodi unafika.

Tazama filamu nzima bila muziki, uandike muziki utaingia wapi na kutoka wapi. Rózsa, mtunzi wa muziki wa filamu, mzaliwa wa Budapest mwaka 1907, alipata Oscar yake ya tatu kwa filamu ya Ben-Hur (1959), lakini mbio zenyewe za magari ya farasi hazina muziki: kwato na magurudumu vinatosha. Pikipiki zinazopanda Kadutu, hapa kwetu Bukavu, nazo zinatosha. Ziache.

Sasa hesabu. Tuseme tukio lina sekunde 42: mama anasoma barua, sekunde ya 18 anainua macho, ya 33 anaichana. Kwa mwendo wa mapigo 80 kwa dakika, pigo moja ni sekunde 0.75. Sekunde 18 ni mapigo 24, yaani vipimo 6 vya mapigo manne, hivyo macho yanainuka mwanzo wa kipimo cha 7. Sekunde 33 ni mapigo 44: barua inachanika mwanzo wa kipimo cha 12. Tukio lote ni vipimo 14 kamili. Ungechagua mapigo 76, pigo la karibu lingechelewa fremu 4 hivi mara zote mbili, na jicho linaona. Lakini usifuate kila mkono unaosogea. Hiyo ni katuni.

Kuhusu ala, katika filamu ya Spellbound (1945) Rózsa alitumia theremini, ala ya umeme inayopigwa bila kuguswa, kwa ugonjwa wa akili wa mhusika mkuu. Sauti moja, hali moja. Bukavu tuna lulanga, ala ya nyuzi ya Bashi: ipe hofu ya yule mama, usiisikilizishe kwingine. Nyuzi zake zikikwanyuliwa zinakufa haraka, kwa hiyo sauti ndefu za sekunde 8 wape wanakwaya waimbe midomo ikiwa imefungwa. Ukitaka kinanda pia, kinanda ndicho kifuate lulanga, maana nyuzi zilizofungwa kwa sikio hazilingani na funguo zake.

Rekodi kwa 48 kHz (sampuli 48,000 za sauti kwa sekunde), maikrofoni sentimita 30 kutoka kwenye nyuzi, na kwa betri: umeme ukiyumba unaingiza mngurumo. Mvua ikigonga mabati, ngoja. Hakuna programu itakayoiondoa vizuri.

Watu wanapozungumza, punguza muziki wote, halafu punguza desibeli 3 zaidi kati ya Hz 1000 na 4000, maana konsonanti zinasikika huko. Mwisho sikiliza kwenye simu ya kawaida. Besi ikipotea, na wimbo ukapotea nayo, pandisha wimbo oktava moja.