Kastadi ya Limau ya Kuoka Vikombeni kwa Meza ya Karamu

Wengi wetu tumelelewa tukiijua kastadi kuwa ni ule unga wa manjano unaokorogwa katika maziwa ya moto na kumwagiwa juu ya matunda au keki. Unga huo ulibuniwa mwaka 1837 na Alfred Bird, mkemia wa Birmingham nchini Uingereza, ambaye mkewe alikuwa na mzio wa mayai, na kinachoufanya uji wake kuwa mzito ni wanga wa mahindi. Kastadi ninayoieleza hapa haina unga wa aina yoyote. Hushikana kwa nguvu ya mayai pekee, huokwa katika vikombe vidogo na kuliwa ikiwa baridi. Naipendelea kwa karamu za Idi na za harusi kwa sababu mgeni aliyekwisha kula biriani hana tena hamu ya keki nzito, ila uchachu wa limau humwamsha ulimi hata akaomba kijiko cha pili.

Kwa vikombe 6 vya mililita 150 kila kimoja, tayarisha mayai mazima 3 na viini 3 vya ziada, sukari nyeupe gramu 150, maji ya limau mililita 120, krimu nzito mililita 350 na chumvi ya kubana kwa vidole viwili. Malimau 4 ya wastani kwa kawaida yanatosha, lakini nunua 5, kwa kuwa yapo yenye ganda nene na maji kiduchu. Ndimu nazo zinafaa, ila ganda lake lina uchungu zaidi, hivyo litumie kidogo.

Usiweke maziwa mahali pa krimu. Maziwa yana protini iitwayo kasini, ambayo hugandamana mara inapokutana na asidi nyingi, na ndiyo maana maziwa yaliyochacha hukatika. Krimu, kwa kuwa ina mafuta mengi na kasini yake ni chache, huvumilia limau bila kukatika. Tui zito la nazi linavutia kulijaribu, lakini kwa maoni yangu ladha yake huimeza ile ya limau, na hapo hutakuwa umepika kastadi ya limau tena.

Jambo jingine la kuangalia kabla ya kuanza ni chombo. Sufuria nyingi za majumbani kwetu ni za alumini, na asidi ya limau huila alumini, ikaacha ladha ya chuma na kufifisha ile rangi ya manjano tunayoitafuta. Changanyia katika bakuli la kioo, la udongo uliong'arishwa au la stili.

Osha malimau kwa maji ya uvuguvugu, kisha paruza ganda la malimau 3 kwa kikwaruzo chenye matundu madogo, ukichukua ngozi ya manjano tu na kuuacha utando mweupe wa chini, ambao ni mchungu. Sehemu kubwa ya harufu ya limau imo katika mafuta ya ngozi hiyo, wala si katika maji yake. Kwa hiyo tia maganda hayo ndani ya sukari na uyafikiche kwa ncha za vidole mpaka sukari iwe na unyevu na jikoni kunukie. Iache robo saa. Watu wengi huiruka hatua hii kwa haraka, kisha wakashangaa kwa nini kastadi yao ni chachu lakini haina harufu.

Vunja mayai na viini juu ya sukari hiyo na ukoroge papo hapo, kwa sababu sukari ikiachwa imekalia viini bila kukorogwa huvikausha na kuacha chembe ngumu zisizoyeyuka. Koroga kwa mchapo wa mayai taratibu, bila kupiga, kwani povu la sasa ndilo litakalokuwa vishimo juu ya kastadi baadaye. Tia chumvi, kisha maji ya limau, na mwishowe krimu iliyo baridi. Mchanganyiko ukianza kuwa mzito kidogo usiogope, hiyo ni kawaida. Uchuje kwa chujio la matundu madogo, uuache utulie nusu saa, kisha engua povu lote lililoelea juu.

Sasa tunafika kwenye moto, na hapa ndipo kastadi nyingi huharibikia. Mayai yaliyochanganywa na krimu na sukari hushikana yanapokaribia nyuzi 80 za Selsiasi. Yakipita hapo sana, protini zake hujikaza na kukamua maji, na unachopata ni kitu chenye matundu kama sifongo kinachoogelea katika maji yake. Dawa yake ni kuoka ndani ya maji. Washa oveni nyuzi 150, tandika kitambaa ndani ya trei yenye kina, panga vikombe juu yake, vijaze, kisha mimina maji ya moto yasiyochemka mpaka yafike nusu ya vikombe. Funika kwa karatasi ya foili na uoke dakika 30 hadi 40. Anza kuangalia mapema: tikisa kikombe kidogo, na ukiona kingo zimeshikana lakini katikati panatetemeka, kitoe. Usingoje pakauke, kwa kuwa joto lililobaki na baridi ya friji vitamalizia kazi.

Asiye na oveni apike kwa mvuke, kama wengi wanavyopika pudini. Tandika kitambaa chini ya sufuria kubwa, panga vikombe vilivyofunikwa kwa foili, tia maji hadi nusu ya vikombe, funga mfuniko kwa taulo safi ili matone yasidondoke, na uweke moto mdogo kabisa kwa dakika 20 hadi 25. Maji yatetemeke tu, yasichemke. Mimi mwenyewe niliwahi kuyaacha yakatokota nilipokwenda kupokea wageni mlangoni, na usiku ule niliwapakulia mayai ya kuvuruga yenye sukari.

Ukishavitoa, viondoe vikombe ndani ya maji mara moja, vipoe kwa saa moja, kisha vifunike na uviweke kwenye friji kwa saa 4 au usiku kucha. Kuvifunika ni lazima, kwa kuwa krimu hunasa harufu za vyakula vingine upesi.

Kwa pambo, kata ganda la limau kuwa nyuzi nyembamba, lichemshe mara mbili kwa maji mapya kila mara ili uchungu utoke, kisha lipike katika shira ya sukari na maji kwa vipimo sawa mpaka ling'ae. Nyuzi tatu au nne juu ya kila kikombe zinatosha. Mlima wa krimu iliyopigwa huficha uso laini ulioutaabikia. Pembeni weka biskuti nyembamba ya siagi.

Kastadi hii hukaa siku 2 katika friji. Katika karamu ya nje, usiitoe mapema: panga vikombe kwenye sinia lenye barafu wakati sahani za chakula zinapoondolewa, na kilichokaa kwenye joto zaidi ya saa 2 kisirudishwe ndani.