Jirani Akifunga Njia: Jinsi ya Kudai Haki ya Kupita Mahakamani

Kabla hujafungua kesi dhidi ya jirani aliyekufungia njia, tafuta jibu la swali ambalo mahakama italiuliza mapema: ni haki gani inayokuruhusu kukanyaga ardhi ya mtu mwingine? Shauri lisilo na jibu la swali hili huanguka, hata kama kila anayepita pale anaona wazi kwamba unaonewa.

Haki iliyo imara kuliko zote ni ile iliyoandikwa, ama katika hati miliki yako au ya jirani, ama katika mkataba uliogawa kiwanja kimoja kuwa viwili. Pasipo maandishi, unaweza kutegemea ulazima, yaani kwamba ardhi yako imezungukwa na haina njia nyingine ya kufika barabarani; kifungu cha 682 cha Sheria ya Madai ya Ufaransa, kwa mfano, kinampa mwenye ardhi ya namna hiyo haki ya kudai njia, mradi amlipe jirani fidia inayolingana na hasara atakayomsababishia. Msingi mwingine ni matumizi ya muda mrefu. Nchini Uingereza muda huo ni miaka 20, nawe huna budi kuthibitisha kwamba ulipita bila kutumia nguvu, bila kujificha na bila kuomba ruhusa.

Sharti hilo la mwisho ndilo ninalosihi lisomwe mara mbili. Anayepita kwa hisani ya jirani ana kibali tu, na kwa kawaida kibali huondolewa na yule yule aliyekitoa. Kwa hiyo ukimwandikia jirani barua ya upole ya "kuomba kuendelea kupita", unaweza kuwa umempa ushahidi wa kukuangusha. Andika kwamba unadai njia unayoitumia kwa haki, utaje haki hiyo inatoka wapi, na umpe muda maalumu wa kuifungua.

Wakati barua ikisubiri majibu, usivunje kufuli wala kung'oa uzio, maana unaweza kugeuka mshtakiwa katika jambo ulilokuwa mlalamikaji. Chukua nakala zilizothibitishwa za hati na ramani za viwanja vyote viwili, umlete mpima ardhi, kisha upige picha za alama ambazo matumizi yameziacha: michirizi ya magurudumu, kisiki cha nguzo ya lango la zamani, mfereji uliochimbwa sambamba na njia. Usifyeke wala kusafisha chochote, kwani mahakama ikija kukagua eneo, alama hizo zitasema zaidi ya mashahidi. Usikatae usuluhishi pia. Mkiafikiana, maafikiano yaandikwe na yasajiliwe mahakamani ili yawe na nguvu ya hukumu.

Suluhu ikishindikana, hati ya madai ieleze njia yenyewe kwa vipimo. Ombi la "kufunguliwa njia" halitoshi. Sema inaanzia wapi na kuishia wapi, ina upana wa mita ngapi, ni ya miguu au ya magari, na itumike kwa shughuli gani, kwa sababu hukumu isiyotaja upana ni mwanzo wa ugomvi mwingine. Kama unachohitaji ni kuingia kwa jirani kwa siku chache ili kukarabati ukuta wako, hayo ni maombi tofauti. Uingereza na Wales zina sheria mahsusi ya jambo hilo tangu 1992.

Pamoja na madai, omba zuio la muda litakaloacha njia wazi hadi shauri liamuliwe. Katika hati ya kiapo onyesha madhara ambayo fedha haiwezi kuyafidia, kama mgonjwa asiyefikiwa na gari, na uombe mapema, kwani aliyekaa miezi mingi bila kulalamika hupata taabu kuishawishi mahakama kwamba jambo ni la dharura.

Ukishinda, peleka hukumu ikasajiliwe katika kumbukumbu za ardhi za viwanja vyote viwili, ili atakayenunua kwa jirani asidai kwamba hakujua. Jirani huyo huyo akifunga tena, rudi katika mahakama iliyotoa amri uombe ikazwe, yaani itekelezwe kwa lazima, ukiwa na nakala ya amri yenyewe na picha ya kufuli jipya.