Mlimwasili pamoja, sasa mnaachana: mtoto akae na nani?

Hali inayotuumiza wengi Uingereza ni hii: mume na mke walimwasili mtoto wa dada wa mume, wakamlea miaka kadhaa, kisha ndoa ikavunjika. Ugomvi ukianza tu, linatoka neno: "Huyu ni damu yetu, wewe umeolewa tu." Na simu kutoka nyumbani Afrika Mashariki zinalikoleza.

Mahakama za England na Wales haziamui kwa neno hilo. Kwa sheria ya kuasili ya 2002, mtoto mliyemwasili ni kama mliyemzaa, na talaka haimwondoi mmoja wenu kwenye uzazi. Hakimu hutanguliza ustawi wa mtoto: nani amekuwa akimwamsha na kumpeleka shule, usalama wake uko wapi, yeye mwenyewe anatamani nini kulingana na umri wake.

Toa karatasi zako leo uzisome. Je, amri ya mahakama ina majina yenu wawili, au la mmoja? Ni ya kuasili, au ni ya ulezi tu? Hivi ni vitu viwili tofauti, na wapo waliogundua hilo wakiwa tayari mahakamani. Tena si kila amri ya kuasili iliyotolewa nyumbani hutambuliwa Uingereza moja kwa moja. Kama jina lako halimo lakini mlioana na mtoto akalelewa kama wenu, bado unaweza kufungua ombi. Muone wakili wa familia kabla hujahama nyumba.

Sasa lile linalonikosesha usingizi. Usimpandishe mtoto ndege kwa siri. Kenya na Tanzania hazimo kwenye Mkataba wa Hague wa 1980 wa kurejesha watoto waliotoroshwa, na wapo wanaoona huo ni mlango wa kutorokea. Kumtoa mtoto nchini bila idhini ya mwenzako au ya mahakama ni jinai chini ya sheria ya utoroshaji watoto ya 1984, na kifungo chake hufika miaka 7. Mtoto naye anaamka Mwanza au Kisumu bila shule yake, bila rafiki zake, bila mzazi mmoja. Ukihofia mwenzako anapanga hivyo, usingoje: omba amri ya dharura, na kama safari imekaribia wapigie polisi simu.

Ombi lenyewe la kuamua mtoto akae na nani hujazwa kwenye fomu ya mahakama iitwayo C100. Kabla yake huwa kuna kikao cha kuelezwa usuluhishi, isipokuwa kama kuna ukatili nyumbani au sababu nyingine inayokubalika. Maofisa wa Cafcass (shirika linaloishauri mahakama kuhusu watoto; Wales ni Cafcass Cymru) huchunguza usalama wa mtoto, na wanaweza kuzungumza naye. Msaada wa serikali wa kulipia wakili ni mgumu kupatikana bila ushahidi wa ukatili, kwa hiyo tunza barua za daktari wako (GP) na za polisi.

Kiingereza kikikupa shida, omba mkalimani wa mahakama mapema. Usimtegemee wifi wala shemeji, na kamwe usimtumie mtoto kutafsiri.