Mahindi yakigeuka zambarau, usikimbilie mfuko mwingine wa DAP

Mahindi yakidumaa na majani yakageuka zambarau pembeni, wengi tunasema shamba limekosa kirutubisho cha fosforasi, tunaongeza DAP, mbolea ya kupandia yenye fosforasi. Dalili ni hiyo kweli. Ila kwenye mashamba mengi ya Nyanda za Juu Kusini mwa Tanzania na magharibi mwa Kenya, yaliyopandiwa DAP na kukuziwa SA (mbolea ya naitrojeni na salfa inayowekwa mahindi yakishaota) miaka nenda rudi, fosforasi imo udongoni, imefungwa tu. Udongo umekuwa tindikali, na mbolea zenyewe zimechangia.

Vijidudu vya udongo vikiigeuza amonia ya mbolea hizi kuwa naitreti, tindikali hubaki nyuma. SA ndiyo kali zaidi: kilo 100 zake huhitaji takriban kilo 110 za chokaa safi kuizima tindikali hiyo. pH, yaani kipimo cha tindikali, ikishuka chini ya 5.5, alumini iliyomo udongoni huanza kuyeyuka. Hudumaza mizizi na kuing'ang'ania fosforasi. Mkulima anaona zambarau tena, anaongeza mfuko. Inaniuma kuona mtu anakopa kununua mbolea ambayo mahindi yake hayataifikia.

Kwa hiyo ng'oa mche mmoja uutazame. Mizizi mifupi, minene, isiyo na vinyweleo ni ishara mbaya. Kisha chota udongo sehemu kumi au zaidi za shamba, kina cha sentimita 20, changanya, upeleke nusu kilo maabara. Ulizia pH na kiasi cha chokaa kwa ekari. Tafadhali usikisie, maana chokaa ikizidi nayo hufunga zinki, mahindi yakatoka michirizi myeupe, na hapo umejiletea tatizo jingine kwa pesa yako.

Mwaga chokaa ya kilimo wiki tatu au nne kabla ya kupanda, uichanganye vizuri na udongo. Usiichanganye na urea, SA, DAP wala samadi mbichi, kwani naitrojeni itapotelea hewani; ile harufu kali puani ndiyo mbolea yako inayoondoka. Samadi iliyooza vizuri huishika alumini, nayo itie shambani kila msimu unapoipata. Kwenye kukuzia, CAN, mbolea ya naitrojeni yenye kalsiamu, ni afadhali kuliko SA.

Anayelima viazi mviringo awe mwangalifu zaidi, chokaa nyingi huleta ukoko kwenye ngozi ya kiazi. Shamba la chai usiliwekee kwa mazoea. Mchai hustawi kwenye tindikali.

Pima tena baada ya miaka miwili au mitatu.