Jinsi ya Kuandika Sentensi ya Kikwenya Bila Kupitia Kiingereza

Quenya, au tuseme Kikwenya, ni lugha ya Eldar, watu wasiozeeka wa dunia aliyoibuni J.R.R. Tolkien, mwandishi wa The Lord of the Rings. Alianza kuiunda mnamo 1915, akiwa amekolewa na Kifini, na aliendelea kuipangua na kuipanga upya karibu maisha yake yote. Masomo mengi ya lugha hii yameandikwa kwa Kiingereza, kwa hiyo Mswahili huishia kutafsiri mara mbili. Hakuna haja. Kikwenya hubandika viambishi kwenye mzizi kama sisi tunavyofanya, ila hubandika zaidi nyuma. Hapa tutaunda sentensi moja, "Nitakuja kwenye meli yako", na itatoka na maneno mawili tu.

Hatua ya 1: Tamka kwanza

Irabu ni zetu zilezile tano. Yenye mkwaju juu, kama á, ivute kama aa ya "saa". Nukta mbili za ë hazibadilishi sauti, zinakumbusha tu kwamba e hiyo isimezwe. C ni k popote ilipo, na qu ni kw.

Mkazo ndio unaotuponza. Kiswahili huuweka kwenye silabi ya pili kutoka mwisho. Kikwenya hufanya hivyo pale tu silabi hiyo ikiwa nzito, yaani ina irabu ndefu, ina irabu mbili zilizoungana, au irabu yake inafuatwa na konsonanti mbili. Ikiwa nyepesi, mkazo unarudi nyuma silabi moja zaidi. Neno la silabi mbili hukaziwa ya kwanza.

Hatua ya 2: Jenga kitenzi

Mzizi wa "kuja" ni tul-. Wakati ujao ni -uva. Nafsi ya kwanza ni -n. Ukiunganisha unapata:

tul-uva-n = tuluvan, "nitakuja"

Ni ni-ta-ja iliyogeuzwa: mzizi mbele, wakati katikati, mtendaji mwisho. Ile "ku" ya "nitakuja" ni mambo yetu wenyewe, iache. Badala ya -n unaweza kuweka -lyë (wewe, kwa heshima, mtu wa karibu sana ni -tyë), -s (yeye), au -ltë (wao).

"Sisi" ni wawili. Ukimhesabu unayezungumza naye ni -lvë, ukimwacha nje ni -lmë. Usishangae ukikuta maandishi yanayogongana kuhusu hili: Tolkien mwenyewe alibadili mawazo, na salamu maarufu ya Eldar iliyochapishwa kwanza ikiishia na -lmo ilikuja kusahihishwa kuwa -lvo katika toleo la pili la The Lord of the Rings. Fuata la pili.

Hata mtendwa huingia ndani ya kitenzi. Utúvienyes ni "nimekipata", neno zima: utúvië ni "-mepata", -nyë ni umbo refu la -n, na -s ni ile "ki". Mwingereza anahitaji maneno manne hapo.

Hatua ya 3: Jenga nomino

Meli ni cirya. "Yangu" ni -nya, "yako" ni -lya, "yake" ni -rya. Kwa hiyo ciryalya ni meli yako. Anayesema "babangu" hatapata taabu na atarinya, maana yake ni hiyohiyo.

Sasa "kwenye". Hapa tulia kidogo. Kiswahili tuna -ni moja inayobeba kila kitu: naenda nyumbani, nimetoka nyumbani, nimelala nyumbani. Kitenzi ndicho kinachotuambia mwelekeo. Kikwenya hakikuachii uvivu huo, kina viambishi vitatu:

ciryanna: kuelekea melini
ciryallo: kutoka melini
ciryassë: melini, nimo humo

Mgeni hushika -ssë kwa sababu inafanana zaidi na -ni, kisha anaitumia hata kwenye safari. Kabla hujaandika, jiulize kama kuna mwendo, na unakwenda wapi. Mpangilio nao haubadiliki: nomino, mwenye mali, kisha mwelekeo. Cirya-lya-nna, basi.

Hatua ya 4: Unganisha

Tuluvan ciryalyanna.

Soma kwa sauti: TUluvan ciryaLYANna. Silabi "lu" ni nyepesi ndiyo maana mkazo umerudi mwanzo, "lyan" ni nzito kwa sababu ya nn.

Wingi si mgumu, na ngeli hakuna kabisa. Cirya, ciryar. Elen (nyota), eleni. Lassë (jani), lassi. Kiima kikiwa wingi, kitenzi kinapata -r: i ciryar tuluvar, "zile meli zitakuja".

Hatua ya 5: Kagua kila neno

Fungua kamusi ya mtandaoni ya Eldamo uangalie neno ni la kipindi gani. Neno la ujana wa Tolkien huenda alilitupa baadaye, nami sichanganyi la mwanzoni na la miaka ya 1960 bila sababu. Programu zinazodai kutafsiri papo hapo ziepuke, hasa kama maandishi yanakwenda kuchorwa kwenye ngozi ya mtu. Sentensi za kukanusha ziahirishe pia, maana hata Tolkien mwenyewe aliyumba kuhusu neno la "si".

Kwa hati za Tengwar, yaani herufi alizobuni Tolkien, kumbuka irabu hukaa juu ya konsonanti iliyotangulia. Aliyesoma herufi za Kiarabu zenye fataha na dhuma atazoea haraka.

Zoezi: "Watakuja kutoka kwenye meli yangu." Jibu ni Tuluvaltë ciryanyallo. Ukiandika tuluvantë pia sitakukata alama. -Ntë, nayo kwa "wao", ipo kwenye maandishi ya Tolkien.