Namna ya Kumtafuta Goethe Ndani ya Walden

Kila nikifundisha Walden, kitabu cha mwandishi Mmarekani Henry David Thoreau, mwanafunzi mmoja huuliza Goethe, mwandishi wa Kijerumani, ametajwa ukurasa gani. Jina halitakufikisha mbali, kwa sababu alichochukua Thoreau kwa Mjerumani huyu ni namna ya kutazama. Mimi huanza hivi.

Hatua ya 1. Soma kijitabu cha Goethe cha mwaka 1790 kuhusu mabadiliko ya umbo la mimea. Kina aya 123 tu, nyingi fupi. Shika hoja moja: sepali (vijani vya nje ya ua), petali (vipande vya rangi) na stameni (sehemu za kiume zenye chavua) ni kiungo kilekile, jani, kilichobadilika sura. Kisha chuma waridi la bustani lenye petali tele, ulibandue petali mojamoja kuelekea katikati. Mara nyingi utakuta kijipande ambacho ni nusu petali, nusu stameni. Usiruke zoezi hili.

Hatua ya 2. Hakikisha Thoreau alimsoma kweli. Shajara yake inaanza Oktoba 1837, na kabla mwaka haujaisha anamwandika Goethe na safari yake ya Italia, ileile ambamo Goethe aliusaka huko Palermo mmea-asili, yaani umbo moja la msingi la mimea yote.

Hatua ya 3. Sasa fungua sura ya 17 ya Walden, ya majira ya kuchipua. Hapa kaa sana. Barafu inayeyuka kwenye kingo za reli, mchanga unatiririka, na Thoreau anaona majani: mchanga umetoa majani kabla ya miti. Katika kijitabu chake, Goethe aliishia kwenye mmea. Thoreau analipeleka jani kwenye udongo, kwenye mapafu, hadi kwenye mkono wa mtu. Anauliza kama mkono si jani la mtende lililotandazwa, lenye mishipa yake. Sisi tunapitwa hapo, maana Kiingereza kina neno moja, palm, kwa kiganja na mtende. Kwa hiyo isome kwa Kiingereza, tena kwa sauti.

Hatua ya 4. Mtenge Alexander von Humboldt, mwanasayansi msafiri wa Kijerumani. Wengi humchanganya na Goethe, na uchambuzi wote huharibika. Mwaka 1800, kwenye ziwa Valencia nchini Venezuela, Humboldt alihusisha kupungua kwa maji na misitu iliyofyekwa. Ukitafuta chimbuko la kutetea misitu, fuata njia hiyo hadi kwa John Muir, mtetezi wa misitu wa Marekani, ambaye mwaka 1865 aliandika jinsi alivyotamani mno kuwa Humboldt.

Mimi hutumia penseli mbili: ya kijani kwa jani la Goethe, ya buluu kwa msitu na maji ya Humboldt. Aya ikidai zote mbili, ipake zote.